Hekalu la Brihadisvara, Thanjavur: Jengo Linalosomwa Ukutani

Hekalu la Brihadisvara lipo Thanjavur, katika jimbo la Tamil Nadu kusini mwa India, na kwa maoni yangu ni majengo machache ya kale yanayomfaidisha mgeni kiasi hiki, ilimradi asiishie kuutazama mnara na kupiga picha. Lilijengwa kwa amri ya Mfalme Rajaraja wa Kwanza wa ukoo wa Chola kwa ajili ya mungu Shiva, likakamilika mwaka 1010. Tangu 1987 limo katika orodha ya Urithi wa Dunia ya UNESCO, na ibada ingali ikifanyika humo kila siku.

Mnara uliojengwa juu ya chumba kitakatifu una urefu wa takribani mita 60, ukiwa na ghorofa 13 zinazopungua upana kadiri zinavyopanda. Umejengwa kwa mawe ya granaiti, ingawa Thanjavur imo katika delta ya mto Kaveri, penye udongo mtupu usio na mwamba wa aina hiyo, kwa hiyo mawe yote yalilazimika kusafirishwa kutoka mbali. Anayetokea kwenye hekalu kubwa la Madurai, mji mwingine wa Tamil Nadu, ambako minara ya malango ndiyo mirefu na patakatifu pamejificha chini, ataona mara moja kwamba hapa mpango ni kinyume: malango ni ya kimo cha wastani, na jicho huvutwa moja kwa moja hadi kwenye mnara wa ndani. Naamini utulivu wa jengo hili unatokana na uamuzi huo.

Waongoza wageni hupenda kusimulia kwamba kivuli cha mnara hakigusi ardhi, na kwamba kuba la kileleni ni jiwe moja lenye uzito wa tani 80. Ukweli ni kwamba kivuli hutanda uani asubuhi na jioni, na kuba limeunganishwa kwa vipande. Inasikitisha kwamba muda wa mgeni huishia kwenye simulizi hizo, ilhali chini ya mnara huohuo, kuanzia usawa wa magoti, kuta zimejaa maandishi ya Kitamil yenye habari za ajabu kuliko hizo. Rajaraja aliamuru zawadi alizotoa yeye, dada yake mkubwa Kundavai, wake zake na watu wengine zichongwe kwenye jiwe. Wamo wanawake 400 wa kucheza ngoma za ibada, waliokusanywa kutoka mahekalu mengine ya ufalme, kila mmoja kwa jina lake, mtaa aliopewa nyumba na posho yake ya mpunga. Wamo pia wapiga ngoma, washonaji, vinyozi na wahasibu. Vimetajwa hata vijiji vya Sri Lanka vilivyotozwa kodi kwa ajili ya hekalu, jambo linalokumbusha kwamba fahari hii iligharimiwa pia na vita.

Si kila kinachoonekana uani ni cha enzi ya Chola. Fahali Nandi, kipando cha Shiva, aliyechongwa katika jiwe moja kubwa mbele ya hekalu, aliwekwa na watawala wa Nayaka karne kadhaa baadaye, kama ilivyo nyumba ndogo ya mungu Subrahmanya, ambayo nakshi zake ni nyembamba mno hata mtu husahau kwamba ni jiwe.

Kasoro kubwa kwa mgeni ni kwamba ushoroba unaozunguka chumba kitakatifu kwa kawaida hufungwa. Humo, mwaka 1931, iligunduliwa michoro ya enzi ya Chola iliyokuwa imefunikwa na tabaka la michoro ya Nayaka, na baadaye wataalamu wa Idara ya Mambo ya Kale ya India walifaulu kulibandua tabaka la juu bila kuliharibu. Katika ushoroba wa juu yake kuna sanamu 81 za Shiva akicheza, zilizokusudiwa kufika 108. Naelewa haja ya kuilinda michoro hiyo, lakini picha zinazoonyeshwa badala yake hazitoshi.

Kuingia ni bure. Viatu huachwa nje, na mchana sakafu ya mawe huunguza nyayo. Isitoshe, chumba kitakatifu hufungwa adhuhuri hadi alasiri. Ni vyema kufika mapema asubuhi, kumtafuta mwongozaji anayeweza kusoma maandishi ya ukutani, na kuanzia ukuta wa kusini.