Sufuria ya lita 30 yenye chujio: nimeipikia watu 14

Nimeinunua Kariakoo kwa shilingi 85,000, alumini nene, chujio lake linaingia ndani mpaka chini. Jumapili ukoo ulikusanyika kwetu Kigamboni, nikaenda Feri alfajiri kuchukua kaa, kamba na ngisi.

Chujio ndilo lililonifurahisha. Viazi vilitangulia kwenye maji ya chumvi, ndimu, tangawizi na pilipili mbuzi. Baada ya dakika kumi nikatia mahindi ya kukata na kaa, dakika kumi nyingine. Kamba na ngisi mwisho kabisa, dakika tatu tu, maana wakizidi hapo unatafuna mpira. Kwenye sufuria ya kawaida utawasaka kwa upawa huku wanazidi kuiva. Hapa unanyanyua chujio mara moja, supu inabaki chini. Supu hiyo nikaichemsha ikapungua, nikatia tui zito na kitunguu saumu, tukamwagia juu ya sinia. Shangazi, ambaye kaa wa kupikwa na mwingine hali, alirudia gando la pili.

Vishikio vinaunguza vibaya. Muuzaji alinihakikishia havishiki moto, na nilimwamini. Shikeni kwa kitambaa kinene, na muwe wawili wa kunyanyua. Pia jiko la gesi la ndani haliiwezi: maji yalikawia karibu saa nzima kuchemka. Idi nitaiweka uani, kwenye mafiga na kuni.