Uzoefu wangu: "Safety Last!" ya Harold Lloyd (1923)

Wengi wanaijua filamu hii bubu kwa picha moja tu: jamaa mwenye miwani (Lloyd mwenyewe) ananing'inia kwenye mshale wa saa ya ghorofani, magari yakipita chini yake. Mimi nimeitazama yote, na kilichonigusa zaidi ni majigambo yaliyomfikisha pale.

Kijana ametoka kwao kuja mjini kutafuta maisha. Ni karani tu kaunta ya vitambaa kwenye duka kubwa, analipwa dola 15 kwa wiki, na kodi ya chumba imemshinda. Mama mwenye nyumba akija kudai, yeye na rafiki yake wanaingia ndani ya makoti yaliyotundikwa ukutani, wanakunja miguu, chumba kinabaki kama hakina mtu. Lakini barua anazomwandikia mchumba wake zinasema mambo yamenyooka, na zinakwenda na zawadi. Siku anayonunua mkufu, kila sarafu inayomtoka inafuta sahani moja ya chakula chake cha mchana mbele ya macho yake. Hapo nilisimamisha filamu kidogo. Gharama ya kujimwambafai sijawahi kuiona ikionyeshwa wazi hivyo, tena bila neno.

Mchumba anafunga safari kumfuata (ni Mildred Davis, ambaye Lloyd alimuoa mwaka huohuo). Anamkuta akitoka ofisi ya meneja, alikoitwa kukaripiwa, na anadhani ofisi ni yake. Jamaa anaacha iwe hivyo.

Ndipo inakuja dola 1,000 kwa wazo litakalovuta watu dukani. Wazo la jamaa: rafiki yake, fundi wa kukwea kuta, apande jengo la duka kwa nje. Rafiki anakimbizwa na polisi, basi jamaa mwenyewe aanze ghorofa ya kwanza tu, watabadilishana dirishani. Kila akifika dirishani anaambiwa, bado moja! Nilihisi zile barua zinadaiwa ghorofa kwa ghorofa.

Na Lloyd alikuwa amepoteza kidole gumba na cha shahada cha mkono wa kulia kwenye mlipuko mwaka 1919. Glavu ndiyo inayoficha. Kuta za kukwea zilijengwa juu ya mapaa ya majengo ya Los Angeles, kwa hiyo barabara unayoiona chini ni barabara kweli.

Nyota tano. Tafuta toleo lenye muziki wa Carl Davis, na kama unatazama na watoto, wasomee maandishi ya kwenye skrini kwa Kiswahili. Ni machache, hayachoshi.