Nimelipa kumtazama Sjöström, nikauziwa mbuzi kwenye gunia

Mnisamehe, bado nina hasira. Juzijuzi nilikodi mtandaoni Trädgårdsmästaren, yaani Mtunza Bustani, filamu fupi bubu ya Sweden ya 1912. Victor Sjöström kaiongoza na kumcheza mtunza bustani mwenyewe, baba anayemtenga mwanawe na binti wa kimaskini, kisha anambaka binti huyo ndani ya banda la vioo la kuoteshea maua.

Basi wenye huduma wameirusha kwa kasi ya filamu za leo! Kamera za enzi zile zilizungushwa kwa mkono, fremu kama 16 au 18 kwa sekunde. Ukizipeleka kwa 24, watu wanatembea kama kuku waliofukuzwa jikoni. Mwishoni binti, anayechezwa na Lili Bech, anarudi kwenye banda lile kufia kati ya waridi. Pale ndipo pa kulia. Mimi nikaoneshwa kikaragosi kinachotapatapa na kuanguka pu! Na juu yake wamebandika kinanda cha vichekesho.

Nikawaandikia. Jibu likaja mstari mmoja: "Filamu za zamani ndivyo zilivyo, kaka."

Ndivyo zilivyo? Hii wadhibiti wa Sweden waliipiga marufuku. Watu wa kwao hawakuiona hadharani hadi 1980, baada ya nakala kupatikana Maktaba ya Bunge la Marekani, na Sjöström alikuwa kaburini miaka 20. Kazi imesubiri miaka 68, halafu mtu ananijibu hivyo!

Nikaweka nyota moja, nikalala na donge kooni.

Asubuhi nikairudia. Nikazima sauti, nikashusha kasi hadi 0.75. Jamani! Binti ni mtu mwingine kabisa. Anapita kati ya waridi kama mtu aliyechoka kwelikweli, asiye na pa kwenda tena, na ule ukimya ukanibana kifua. Mwaka uliofuata Sjöström alitoa filamu ya Ingeborg Holm, iliyowagombanisha Waswidi juu ya sheria zao za maskini, nami naona mbegu yake iko humu, kwa huyu binti anayefukuzwa kila mlango.

Kwa hiyo nyota tano, itazameni. Tano ni za filamu lakini. Wenye huduma nilitaka kuwaachia ile moja, ila pesa yangu hawajarudisha na kinanda bado kipo. Naiondoa.