Miche ya makadamia: kabla ya kuuliza bei, tazama mzizi

Malalamiko ya wasomaji wa Luweero na Mukono, hapa Uganda, yamefanana mno. Mti wa makadamia, ule wa karanga zenye ganda gumu, umekua vizuri, majani yanang'aa, umempita mtu kimo, kisha upepo wa mvua unaulaza chini. Dada mmoja wa Wobulenzi alinitumia picha ya mti wake: shina lote liko kwenye matope, na pale mzizi mkuu ulipopaswa kuzama kuna fundo tu, umejizungusha na kurudi juu. Kasoro ile ilikuwamo tangu siku aliyoununua.

Kwa hiyo sitawaambia mchague mche mrefu wala wenye majani ya kijani kibichi. Majani mazuri kila muuzaji anayo. Kasoro iko chini.

Mbegu ya makadamia huoteshwa kwenye tuta la mchanga, halafu kimche huhamishiwa kwenye kaveera, yaani mfuko wa plastiki. Kijana wa kitaluni mwenye haraka huusukuma mzizi kwenye kishimo kifupi, ncha ikapinda na kuelekea juu. Kisha mche hukaa miezi mingi ukisubiri shina lifikie unene wa penseli ndipo ubebeshwe, yaani uunganishwe kijiti cha aina iliyochaguliwa, na muda wote huo mzizi unazunguka ndani ya kaveera fupi. Makadamia ni mti wa misitu ya mvua ya mashariki mwa Australia, na hata mizizi yake iliyo mizima haizami sana. Ukipinda mzizi mkuu, mti hauna cha kuushikilia.

Ukifika kitaluni, inua mche. Ukigoma kutoka ardhini, mzizi umeshatoboa kaveera na kuingia chini, na utakatika ukiung'oa. Minya kitako cha kaveera: ukisikia duara gumu, uache. Halafu chagua mche mmoja, ulipie, na umwombe muuzaji aipasue kaveera mbele yako. Unatafuta mzizi ulionyooka kwenda chini, wenye vimizizi vyenye ncha nyeupe pembeni. Napenda kaveera yenye kina cha futi moja hivi. Zile fupi za kahawa hazifai kwa makadamia, hata muuzaji aape vipi.

Sasa aina. Mimi ni mtu wa Murang'a 20 na sifichi. Ilichaguliwa kwa majirani zetu Kenya, kutoka miti iliyokwisha kuzoea ardhi na mvua za Afrika Mashariki, na kama nina nafasi ya miti mitatu nyumbani, miwili itakuwa hiyo. Uinunue iliyobebeshwa, na kovu la kubebeshea liwe limeziba kabisa, mkanda wa plastiki umeondolewa. Mkanda ulioachwa hulikaba shina.

Ya pili ni zile za Hawaii, lakini mwambie muuzaji akutajie namba. "Hawaii" pekee si aina. Namba 344 husimama wima na haitanui sana matawi, kwa hiyo inafaa uwanja mdogo. Namba 741 huvumilia miinuko, basi watu wa Kabale waanze na hiyo. Namba 660 ina kokwa ndogo, ila ni mwenzi mzuri wa kuchavushana na nyingine. Na hili la wenzi msilipuuze: mti mmoja peke yake huzaa, lakini aina mbili tofauti zikikaribiana na nyuki wakawepo, mavuno huongezeka. Kati ya mti na mti acha mita 8.

Miche ya mbegu, ile ya bei ya chini, haitabiriki. Huenda ukasubiri miaka 7 au zaidi ndipo uone karanga, wakati uliobebeshwa huanza kati ya mwaka wa 3 na wa 5. Ipite.

Wapo wanaoniuliza hazel, ile karanga ya kwenye chokoleti. Mti ule unahitaji mamia ya saa za baridi kali kila mwaka ndipo uchanue. Uturuki, inayoongoza duniani kuizalisha, ina baridi hiyo. Hapa ikweta baridi hiyo haipo, na anayekuuzia "hazel ya Uganda" barabarani anakula pesa yako bure.

Linaloniudhi zaidi ni bei. Mvua ikianza Machi, mche uleule uliokuwa kitaluni Januari unapandishwa bei, eti mahitaji yameongezeka, ilhali umezeeka na mzizi umezidi kujikunja. Kibandiko cha aina nacho ni kalamu tu juu ya karatasi, na mvua moja inafuta jina. Kuna kitalu kimoja walinikatalia kupasua kaveera hata baada ya kuona noti mkononi. Kisha wakataka kuniuzia na DAP, mbolea ya dukani yenye fosfeti nyingi, ya kutia shimoni! Makadamia haipendi fosfeti nyingi. Mizizi yake imeumbwa kwa ardhi isiyo na fosfeti ya kutosha, na ukiizidishia majani huwa ya manjano. Weka samadi iliyooza vizuri, na usipande mahali maji yanapotuama, maana mizizi itaoza.

Wenye mbwa, okoteni karanga mapema zikianguka. Mbwa akizila miguu ya nyuma huishiwa nguvu, na huko kwetu mbwa wengi hulala chini ya miti hiyohiyo.