Kubadilisha kitako cha Ruger 10/22: uzoefu wangu na Magpul Hunter X-22 hapa Uganda

Kama una Ruger 10/22 ya kitako cha mbao na unajiuliza kama Hunter X-22, kitako cha plastiki cha kampuni ya Magpul, inastahili gharama na usumbufu wa kuileta Uganda, jibu langu ni ndiyo, kwa sababu moja kubwa: kitako hiki kinakubali kupimwa kwa mwili wa mpigaji. Ukitarajia mtutu uleule uanze kulenga vizuri kuliko ulivyotengenezwa, utavunjika moyo. Kitako hakiongezi ubora wa mtutu. Kinachobadilika ni jinsi jicho, shavu na bega vinavyorudi mahali palepale kila unapoiinua bunduki, na kwenye bunduki ya .22 LR (risasi ndogo ya inchi 0.22) hapo ndipo risasi nyingi zinapopotea.

Sheria kwanza. Sheria ya Silaha za Moto ya 1970 inataka mwenye bunduki awe na cheti, na anayeuza au kukarabati silaha kibiashara awe na leseni. Nambari ya 10/22 imepigwa kwenye risiva, yaani mwili wa bunduki unaobeba bolti na triga, kwa hiyo kitako kipya hakiigusi. Hata hivyo usiagize kipande chochote cha bunduki kwa posta kana kwamba unaagiza kava la simu. Uliza polisi kwa maandishi kabla ya kulipa, pitisha mzigo kwa muuzaji mwenye leseni, na karatasi zake zihifadhi pamoja na cheti. Kuhusu rangi, chukua nyeusi au kahawia. Raia haruhusiwi kuvaa sare za jeshi hapa kwetu, na sioni faida ya kubeba bunduki yenye madoa ya kijeshi hadi kwenye kizuizi cha barabarani. Vitako vya kukunja navyo viache. Umbo la kawaida la bunduki ya michezo linakupunguzia maswali mengi.

Mbao ina tatizo gani? Kwa mtu anayepiga makopo mita 20, halimsumbui. Kwa anayetaka risasi tano zikae karibukaribu mita 50, tatizo liko kwenye ule mkanda unaofunga mtutu na ncha ya mbele ya kitako. Mbao hunywa unyevu. Kusini mwa nchi tuna mvua za Machi hadi Mei na tena Septemba hadi Novemba, na katika miezi hiyo mbao hujaa na kuusukuma mtutu kupitia mkanda. Ukihamia upande wa Karamoja, kaskazini mashariki, wakati wa kiangazi, mbao ileile husinyaa, skrubu kuu hulegea, na risiva huanza kucheza ndani ya kitako. Ukiona shabaha inahama juu na chini bila sababu, usikimbilie kulaumu darubini. Shika ncha ya kitako na mtutu pamoja, bana kidogo, uone kama kuna mwendo.

Hunter X-22 ni ya plastiki iliyoimarishwa, haitumii ule mkanda, na unyevu hauisumbui. Chini ya mtutu kuna kitanda kinachogeuzwa: upande mmoja ni wa mtutu mwembamba wa kiwandani, upande wa pili ni wa mtutu mnene wa hadi inchi 0.920. Nyuma, urefu wake hubadilika kati ya inchi 12.5 na 14.5 kwa kuongeza au kupunguza vipande vya nusu inchi. Egemeo la shavu linaweza kuinuliwa, ila vipande vya kuinulia huuzwa kando, kwa hiyo viweke kwenye oda ileile. Kulipia usafirishaji mara mbili kwa kipande chepesi cha plastiki kunaumiza. Ni kinene mkononi kuliko kitako cha mbao, na mwenye vidole vifupi akishike kwanza kabla ya kukipenda.

Kazi yenyewe haifiki nusu saa, lakini ina mitego. Toa magazini. Vuta mkono wa kukokia hadi mwisho, angalia ndani ya chemba, kisha hakikisha kwa kidole kidogo kwamba hakuna risasi. Risasi zote zipeleke chumba kingine. Tandika kitambaa cha rangi nyeupe mezani, maana utakachoangusha ni kidogo na cheusi.

Legeza skrubu ya mkanda wa mtutu, itoe, kisha usukume mkanda mbele polepole. Ukikwama, uupanue kidogo na usiugonge kwa nyundo. Rangi ya mtutu ikikwaruzwa, kutu ya hewa yetu itaanzia hapo. Kisha geuza bunduki, utaona skrubu kuu mbele ya tundu la magazini. Kutegemea toleo, ina mfereji wa bisibisi au tundu la pembe sita la inchi 5/32. Alenki ya milimita 4 ni nene kuliko hiyo kwa nywele tu na mara nyingi huingia, lakini ikikataa usiilazimishe. Kama ni ya mfereji, tumia bisibisi pana inayoujaza mfereji wote. Bisibisi nyembamba ya redio huula mfereji ukabaki kama kidonda.

Kabla ya kuinua, sukuma kifungo cha usalama kisimame katikati, kisitokeze kulia wala kushoto. Hatua hii wengi huiruka, kisha wanavuta risiva kwa nguvu wakidhani mbao imeganda. Kifungo kikitokeza upande mmoja hung'ang'ania ukuta wa kitako, na ukivuta zaidi mbao hupasuka hapo hapo. Kikiwa katikati, inua mtutu kwanza, risiva itafuata yenyewe ikielekea mbele na juu.

Sasa pini. Kundi la triga limeshikwa na pini mbili zinazopita risiva upande hadi upande, na nyuma yake kuna pini nene inayozuia bolti (chuma kinachokwenda mbele na nyuma ndani ya risiva). Bunduki ikiwa ndani ya kitako, kuta za kitako ndizo zinazozuia pini hizi zisitoke. Ikiwa nje, huteleza zenyewe ukiinamisha risiva. Kata kipande cha selotepu, kizungushe juu ya risiva kufunika ncha zote, na ukiache mpaka dakika ya mwisho kabla ya kuingiza kwenye kitako kipya. Hakuna haja ya kufungua kundi la triga kwa kazi hii. Chemchemi zake ni ndogo, na moja ikiruka kwenye majani umepoteza siku.

Kwenye kitako kipya, anza na kitanda cha mtutu. Hakikisha upande wa juu unalingana na mtutu ulio nao. Mtutu mwembamba ukikaa kwenye upande wa mtutu mnene utaelea na kuonekana umeshuka. Mnene kwenye upande wa mwembamba hautaingia, na mtu akikaza skrubu kwa hasira ndipo risiva inapojikunja. Rudisha kifungo cha usalama katikati, toa selotepu, ingiza nyuma ya risiva kwanza, kisha shusha mtutu. Risiva ikae bapa bila kusukumwa. Isipokaa, itoe na utafute kinachozuia, mara nyingi ni kile kifungo.

Skrubu kuu ni ya chuma na risiva ni ya aluminiamu. Kumbuka hilo kila unapoishika. Anza kwa vidole peke yake, geuza kinyume mpaka usikie nyuzi zimeshuka mahali pake, kisha kaza kwa vidole mpaka mwisho. Ikigoma baada ya nusu mzunguko, imeingia upande. Itoe uanze upya, kwani nyuzi za aluminiamu zikichanika, risiva nzima inahitaji fundi.

Mkazo unaopendekezwa na wengi ni kati ya pauni-inchi 15 na 20, yaani kama nyutoni-mita 1.7 hadi 2.3. Spana za kupimia mkazo zinazouzwa kwa mafundi magari, kama pale soko la Kisekka, Kampala, nyingi huanzia juu sana kwa kazi hii. Anayetengeneza baiskeli za mashindano anaweza kuwa na ndogo inayofaa. Usipoipata, kuna njia ya uhakika: laza bunduki ubavu ili skrubu ielekee pembeni, weka alenki iliyorefushwa kwa kibomba mpaka mkono wake ufike sentimita 10 kutoka katikati ya skrubu, uweke mkono huo sambamba na sakafu, kisha ning'iniza chupa ya maji ya lita 2 kwenye ncha. Lita 2 ni kilo 2, na kilo 2 kwenye sentimita 10 ni takriban nyutoni-mita 2. Mkono wa alenki ukianza kushuka chini ya mstari wa usawa, endelea kuuweka upya mpaka usimame bila kushuka. Njia hii nimeiamini kuliko hisia ya kiganja, maana kiganja cha kila mtu kina kipimo chake.

Skrubu iliyokazwa kupita kiasi haina faida yoyote. Inabana risiva kwenye plastiki, na shabaha huhama kila unapofungua na kufunga. Iliyolegea nayo huacha risiva iruke kidogo kila risasi. Baada ya magazini chache za mwanzo, pima tena. Sehemu mpya hukaa na kushuka kidogo, kisha mkazo hutulia.

Kabla ya kwenda kwenye uwanja wa kulenga, jaribu kila kitu bila risasi. Vuta mkono wa kukokia polepole ukiangalia kama unagusa ukuta wa kulia wa kitako mahali popote. Ukigusa, bolti haitarudi hadi mwisho na maganda yatakwama. Watu huilaumu risasi kumbe ni kitako. Chomeka magazini tupu, itoe, irudie. Sukuma kifungo cha usalama pande zote mbili. Kisha chukua karatasi nyembamba, ipitishe kati ya mtutu na kuta za kitako kuanzia mbele. Inapokwama pande zote mbili kwa kiasi sawa ni sawa. Ikikwama upande mmoja tu, risiva haijakaa wima na skrubu ifunguliwe.

Sasa ndipo thamani ya kitako hiki inapoonekana, na ndipo watu wengi hawajishughulishi. Kunja kiwiko pembe mraba, weka nyuma ya kitako kwenye sehemu ya ndani ya kiwiko, na uone kama pingili ya kwanza ya kidole cha shahada inaifikia triga bila kunyoosha mkono. Kitako cha mbao cha kiwandani ni kama inchi 13.5, na mwanamke mfupi au kijana hulazimika kunyoosha shingo mbele, ndipo jicho linakaa mbali na darubini. Kwake inchi 12.5 hubadilisha kila kitu. Mrefu wa kimo ataongeza kipande kimoja au viwili, na akivaa jaketi nene asubuhi za baridi za Kabale aondoe kimoja.

Urefu ukishapatikana, pima shavu. Funga macho, inua bunduki, laza shavu palipo na raha, kisha fungua. Ukiona duara kamili ndani ya darubini, acha. Ukiona kivuli chini, jicho liko chini, ongeza kiinulio cha robo inchi na ujaribu tena. Kwa vilengeo vya chuma vya kiwandani usiongeze kitu, kwa kuwa viko chini na shavu likipandishwa hutaviona. Chagua kimoja, darubini au vilengeo, kisha upime kitako kwa ajili yake.

Darubini imefungwa juu ya risiva, hivyo haikuguswa, lakini shabaha itahama kwa sababu mkanda umeondoka. Anza mita 25, piga risasi tano kwa utulivu, rekebisha, piga tano tena, kisha nenda mita 50. Tumia aina moja ya risasi tu mpaka umalize. Ukibadilisha aina katikati, hutajua kilichohama ni nini.

Wapo wanaopendelea kuchongewa kitako cha mvule, na kwa uzuri sina ubishi nao. Maseremala wa Nsambya na Bwaise, Kampala, wana mikono safi. Ila kumpata anayejua kuchonga nafasi ya risiva ndani ya kitako kwa uhakika wa nusu milimita ni kazi, na bunduki yenyewe haipaswi kufika kwenye karakana ya fenicha hata kwa saa moja. Anapelekewa kitako cha zamani peke yake kama kiolezo. Mvule iliyokauka vizuri miaka kadhaa na kupakwa mafuta ya kitani ndani na nje hutulia. Iliyokatwa juzi itajipinda, na utarudi kwenye tatizo lile la mtutu kusukumwa.

Kitako cha mbao ulichotoa usikigawe. Kifunge kwenye gazeti kavu, weka pamoja na mkanda na skrubu yake, kwani ukiuza bunduki mnunuzi atakiulizia. Na hicho kipya usikiache kwenye gari lililofungwa juani: plastiki nyeusi huchoma shavu, na joto hilo halifai risasi wala darubini.