Kuonja George Town kwa kuongozwa: tathmini ya matembezi ya vyakula vya barabarani kisiwani Penang

Mtu anayetoka Dodoma kwenda Malaysia kwa masomo, mkutano au biashara kwa kawaida huishia Kuala Lumpur, na akipata siku za ziada huzimalizia kwenye maduka makubwa na majengo marefu. Maoni yangu ni kwamba siku hizo zitamfaa zaidi kisiwani Penang, katika mji wa George Town, na kwamba fedha atakayolipa ili mwenyeji amtembeze jioni moja akionja vyakula vya barabarani haitapotea bure, ilimradi suala la chakula kuwa halali kwa Mwislamu na suala la ukubwa wa kikundi yawe yamewekwa wazi kabla ya kulipa. Nilifanya matembezi hayo pamoja na mwenzangu wa kazini, Mwislamu mzaliwa wa Kondoa, kwa hiyo ninayoyaandika hapa yanabeba maoni ya watu wawili ambao mezani hawakuwa na mahitaji sawa.

Utaratibu wenyewe ni rahisi. Kampuni ndogo za utalii za mji huo hukusanya wageni, huwakabidhi kwa mwongoza watalii, na kwa saa tatu hadi nne huwapitisha kwa miguu katika mitaa ya katikati ya mji, wakisimama kwa muuzaji mmoja baada ya mwingine na kugawana sahani. Bei hujumuisha vyakula vyote na kwa kawaida vinywaji pia, lakini ni bei kubwa ukiilinganisha na chakula chenyewe. Sahani moja kwa muuzaji wa barabarani huwa kati ya ringgit 7 na 12 hivi, na ringgit moja imekuwa ikibadilishwa kwa takriban shilingi 600, hivyo anayekula peke yake hushiba kwa fedha isiyotofautiana sana na ya chakula cha mchana katika mgahawa wa kawaida wa Dodoma mjini. Sehemu kubwa ya malipo, basi, inakwenda kwenye maarifa ya mwongozaji, na kwa kipimo hicho ndivyo huduma hii inavyostahili kupimwa.

Kwa upande huo sina malalamiko hata kidogo. Mwongozaji wetu, mama wa makamo aliyezaliwa na kukulia George Town, alijua ni muuzaji gani hupumzika siku ipi, nani chakula chake huisha mapema, na nani jiko lake amemwachia mwanawe bila ladha kubadilika. Alitufundisha pia adabu za mahali, ambazo mgeni hawezi kuzibahatisha. Katika migahawa ya Kichina ya kizamani iitwayo kopitiam, wapishi kadhaa hupanga nafasi chini ya paa moja, kila mmoja akiwa na chakula chake kimoja tu, wakati mwenye nyumba huuza vinywaji. Ukikaa kwenye meza yake inatarajiwa ununue kinywaji kwake, hata kama chakula umekiagiza kwa wapishi watatu tofauti. Mgeni asiyejua hilo hukaa, akakataa kinywaji, akashangaa kwa nini anatazamwa vibaya.

Historia ya mji alitusimulia tukiwa tunatembea, kidogo kidogo, kila sehemu kwenye mtaa wake. Francis Light wa Kampuni ya Uingereza ya Mashariki ya India alikichukua kisiwa mwaka 1786, na bandari ikavuta watu kutoka mkoa wa Fujian nchini China, kutoka nchi ya Watamil kusini mwa India, kutoka Aceh kisiwani Sumatra na kutoka rasi ya Malaya yenyewe. Kila kundi lilikuja na chungu chake. Kwenye mtaa mmoja, Jalan Masjid Kapitan Keling, na kando yake, unapita Msikiti wa Kapitan Keling uliojengwa na Waislamu wa Kihindi, hekalu la Kihindu la Sri Mahamariamman, hekalu la Kichina la Mungu wa Huruma, na kanisa la Mtakatifu George la mwaka 1818, na katikati ya nyumba hizo za ibada watu wanauza chakula. Mji huu, pamoja na Melaka, uliingizwa na UNESCO katika orodha ya urithi wa dunia mwaka 2008. Waingereza walipanda huko mikungumanga na mikarafuu, na hadi leo juisi ya nyama ya tunda la kungumanga inauzwa mitaani. Sisi tunaoijua kungumanga kama kiungo cha kukwangua juu ya pilau hatuna desturi ya kunywa tunda lake, na ninakiri kuwa uchachu wake ulinipendeza.

Chakula cha kwanza kilikuwa nasi kandar, wali unaomwagiwa michuzi kadhaa kwa pamoja, na ndicho kilichomkaa mwenzangu moyoni kuliko vyote. Zamani Watamil Waislamu walizunguka nacho wakiwa wamebeba mzega begani, upande mmoja wali na upande mwingine michuzi, wakiwauzia wafanyakazi wa bandarini. Siku hizi vyombo vimepangwa nyuma ya kioo, na mhudumu huchota mchuzi wa samaki, wa kuku na wa dengu, akaumimina wote juu ya wali mmoja hadi rangi zichanganyike. Mtu wa kwetu aliyezoea kila mboga ikae upande wake huona kama sahani imeharibiwa. Tukala kwa mkono wa kulia, na mwenzangu alipomaliza aliniambia, "Kaka, hapa ningeweza kula kila siku mpaka tikiti iishe."

Ila kama ningetakiwa kutaja kituo kimoja kinachotosha kuhalalisha bei yote, ningetaja karai la char kway teow. Hizi ni tambi bapa za mchele zinazokaangwa kwa moto mkali sana. Mpishi tuliyemkuta, mzee mwenye taulo shingoni, alikaanga sahani moja moja tu, ingawa foleni ilikuwa ndefu, na mwongozaji akatueleza sababu huku akituonyesha: karai likijazwa, joto hushuka, tambi hutoa maji na kuanza kuchemka badala ya kukaangika. Mzee alirusha vitunguu saumu kwenye mafuta yaliyokuwa tayari yanatoa moshi, akatia tambi na sosi ya soya, akazisogeza pembeni kwa upawa wa chuma, akavunja yai katikati ya karai na kulisubiri ligande kidogo kabla ya kulifunika kwa tambi. Kamba na kombe vilifuata, kisha chipukizi za choroko na majani ya vitunguu, ambavyo vilikaa motoni kwa muda mfupi mno hivi kwamba nilipotafuna bado vilikuwa vinalia mdomoni. Moshi wa karai ulikuwa umeingia ndani ya tambi zenyewe. Ladha hiyo huwezi kuipata kwa kuongeza kiungo chochote, bali kwa moto na mkono tu. Peke yangu ningeona mzee mpole anayechelewesha foleni. Kwa maelezo ya yule mama niliona kazi ya ufundi.

Asam laksa nayo ilitushangaza kwa ukaribu wake na vyakula tunavyovifahamu. Ni supu nzito ya vibua waliochambuliwa, iliyotiwa ukwaju na vipande vikavu vya tunda jingine chachu, ikamiminwa juu ya tambi nene za mchele, na juu yake huwekwa nanasi, tango, kitunguu, nanaa na kijiko cha rojo nyeusi ya kamba waliochachushwa. Dodoma ina mikwaju kila upande, na ukwaju tunautumia zaidi kwa juisi na uji. Sikuwahi kuufikiria ndani ya mchuzi wa samaki kwa wingi namna ile. Onyo langu ni kuhusu ile rojo nyeusi, ambayo harufu yake ni kali na haimfai kila mtu. Omba iwekwe pembeni, uikoroge mwenyewe. Tulimalizia kwa cendol, barafu iliyosagwa yenye tui, sukari ya mnazi, maharage mekundu na vitambi vya kijani vya unga wa mchele, tamu na baridi, na baada ya pilipili zote zile ilikuwa mahali pake kabisa.

Wengi huniuliza kuhusu usafi, na swali ni la haki, kwa kuwa sisi pia tunajua kipindupindu kinavyoanzia kwenye chakula kilichoachwa wazi na maji yasiyo salama. Kanuni za usafi wa chakula za Malaysia za mwaka 2009 zinamtaka kila anayeshika chakula cha kuuza awe amepata mafunzo, amepimwa afya na amechanjwa dhidi ya homa ya matumbo. Kanuni peke yake haioshi sahani, na tuliona kona zisizopendeza, hususan pale vyombo vinapooshewa ndani ya beseni kando ya mtaro. Mwongozaji mwenye uzoefu hukupitisha kwa muuzaji ambaye chakula kinapikwa mbele yako na wateja hawakauki, na hiyo ni kinga bora kuliko tangazo lolote. Jimbo la Penang lilikwenda mbele zaidi kwa kuwakataza wageni kuwa wapishi wa vyakula vyake vya asili kwenye vibanda kuanzia mwaka 2016, likihofia ladha kupotea. Uamuzi huo una ugumu wake kwa wahamiaji wanaotafuta riziki, lakini unaonyesha uzito ambao watu wa huko wanaupa upishi wa barabarani.

Nikija kwenye kasoro, kubwa ni ya uhalali wa chakula. Tangazo la kampuni tuliyolipia lilisema matembezi yanawafaa Waislamu. Tulipofika, ilibainika kuwa baadhi ya vituo ni vya Kichina ambako nyama ya nguruwe inapikwa kwenye jiko lilelile, na char kway teow ya asili hukaangwa kwa mafuta ya nguruwe. Mwongozaji alisema ukweli mapema, kabla mtu hajatia kitu mdomoni, na alimtafutia mwenzangu mbadala kwa wauzaji Waislamu: pasembur, ambayo ni bajia na mboga zilizomwagiwa mchuzi mtamu wenye pilipili, na tambi za kukaanga za Watamil. Vilikuwa vyakula vizuri. Hata hivyo mwenzangu alikaa pembeni kwenye vituo alivyovilipia sawa na sisi wengine, na hilo si haki. Penang ina vyakula vya halali vya kujaza jioni nzima, tena wapo wauzaji Waislamu wa char kway teow isiyo na nguruwe, kwa hiyo hakuna sababu ya kumwuzia Mwislamu njia iliyopangwa kwa mtu mwingine. Anayelipa aombe kwa maandishi orodha ya vituo, na asikubali jibu la "hakuna nguruwe" pale anapotaka chakula cha halali, kwa maana hayo ni mambo mawili tofauti.

Kasoro ya pili ni idadi. Tuliahidiwa kikundi kidogo, tukajikuta wengi kiasi kwamba waliokuwa nyuma hawakusikia maelezo. Njia za miguu za George Town ni baraza zilizofunikwa mbele ya maduka, nyembamba, na mara nyingi zimezibwa na pikipiki au meza, hivyo msafara mrefu hukatika na wa mwisho hujikuta akitembea barabarani na magari. Kikundi kikizidi watu wanane, ningeacha kulipa. Hali ya hewa nayo inachosha: joto la Dodoma ni kavu na lina upepo, lakini la Penang lina unyevu unaokulowesha shati hata baada ya jua kuzama.

Niliporudi nilijikuta nikitazama soko la Majengo na mnada wa Msalato, vyote vya Dodoma, kwa namna nyingine. Mama lishe anayejua mlenda upi unaendana na ugali wa uwele, na mchoma nyama anayejua mbuzi kwa kumtazama, wana maarifa ya kiwango kilekile, na mgeni anayeletwa Dodoma kwa mkutano huondoka bila kukutana nao. Vijana wetu wanaosomea utalii wangeweza kuanzia hapo, na wangeanza vizuri kama wangewalipa wauzaji bei kamili ya chakula kama tulivyoona ikifanyika kule, badala ya kuwaomba waonjeshe bure.

Kwa anayeamua kwenda, atafute mwongozaji anayevaa kitambulisho cha leseni ya serikali, na aseme mapema kama kamba au karanga zinamdhuru, kwa sababu rojo ya kamba imejificha ndani ya michuzi na sosi nyingi ambazo kwa macho hazionyeshi. Asile mchana. Viatu viwe vya kutembea, mwavuli uwepo. Matembezi ya asubuhi yanamfaa anayetaka roti canai, aina ya chapati, na chai ya kuvutwa, yaani ya maziwa inayomiminwa kutoka juu, ambavyo pamoja na nasi lemak, wali wa nazi, viliingizwa na UNESCO mwaka 2024 katika orodha ya urithi usioshikika kama utamaduni wa kifungua kinywa wa Malaysia; lakini kwa mara ya kwanza ningechagua ya jioni, yanayoanza kabla ya saa kumi na mbili, wakati wauzaji wa mtaa wa Chulia wanapanga meza zao na foleni bado ni fupi.