Maharamia wa Somalia: manowari baharini au kazi nchi kavu?

Ukiwauliza watu nini kilipunguza uharamia Somalia wengi watakwambia manowari, na hawajakosea, Umoja wa Ulaya walianza Operesheni Atalanta ya kupambana na maharamia 2008, meli nazo zikaanza kubeba walinzi wenye bunduki, baada ya 2011 utekaji ukashuka vibaya mno. Hii njia inajibu haraka. Ila ni gharama balaa na ukilegeza tu jamaa wanarudi, si tuliona Desemba 2023 wakateka meli ya Ruen, halafu Machi 2024 ikafuata MV Abdullah ya Bangladesh?

Sasa njia ya pili, kushughulika na nchi kavu, na hapa ndo kwenye mambo. Serikali ya Siad Barre ilivyoanguka 1991 hakukuwa na wa kulinda bahari, meli za nje zikaja kukomba samaki, wavuvi wengine wakaamua kuzifukuza wenyewe na kuzidai fidia, mwisho wa siku fidia ikageuka biashara (usidhani wote walikuwa wavuvi lakini, wenye mitaji walikaa zao nchi kavu wakila hela). Tsunami ya 2004 nayo ikavunja mashua na nyavu huko Puntland, kaskazini mashariki mwa Somalia. Mtu kama huyo ukimrudishia nyavu, soko na polisi wa kueleweka, na wazee wakawakatalia maharamia kijijini kama walivyofanya Eyl, mji wa pwani huko huko Puntland, meli iliyotekwa itafichwa wapi? Inachukua miaka, na hela za misaada zinaliwa njiani, najua. Mimi bado pesa nyingi ningeweka huku, manowari zibaki chache za kushikilia hali.